Zizi Linavyosikika

Mapema katika filamu ya To Live with Herds, mfugaji wa Kijie aitwaye Logoth anasimama nje ya boma lake na kunyoosha mkono. Anamwonyesha mgeni mwenye kamera nchi ilivyokaa: upande huu wanaishi watu hawa, upande ule wale, na kule mbali wako wengine tena. Mwaka ni 1968. Mahali ni Karamoja, kaskazini mashariki mwa Uganda, nchi kavu, tambarare, yenye mwanga mkali. Mtu asiyejua kitu angetazama pale akasema hapana cha kuonyeshwa. Logoth anaonyesha bila haraka, na mtazamaji mwenye asili ya ufugaji anatambua mara moja kwamba ile ni ramani ya mtu mwenye ng'ombe: wapi pa kupeleka mifugo maji yakikauka, wapi pa kuogopa, wapi pana watu wa kukupokea.

Mimi ni fundi wa sauti. Nashika maikrofoni kwenye filamu za makala, na nyingi ya hizo zimekuwa za vijijini, kwa wakulima, wavuvi na wafugaji. Nilizaliwa Usukumani, kwenye ukoo ambao jioni habari za ng'ombe hutangulia habari za watu. Kwa hiyo nina sababu mbili za kuwapenda David na Judith MacDougall, mume na mke Wamarekani waliotengeneza filamu hiyo. Ya kwanza ni kwamba walitupiga picha sisi watu wa mifugo tukiwa tunazungumza, si tukiwa tunatazamwa tu. Ya pili ni ya kazi: David alishika kamera, Judith alinasa sauti, na katika filamu zao sauti haikuwa msaidizi wa picha.

Ukimwambia mtu leo kwamba kuna filamu juu ya mapenzi ya binadamu na mnyama, atategemea kuona mbwa na bwana wake, au simba jike Elsa wa Born Free, filamu iliyopigwa Kenya na kutolewa mwaka 1966. Mnyama awe mzuri, awe na jina, kamera ikae karibu na macho yake, muziki upande. Filamu za akina MacDougall hazifanyi hivyo. Ng'ombe wamejaa humo, lakini huambiwi uwapende. Unakaa na watu wanaowategemea, unasikia wanavyowahesabu, wanavyowaombea malisho, wanavyogombana kwa ajili yao, na taratibu unaanza kuona jambo ambalo uso wa mnyama peke yake usingekuonyesha. Hilo ndilo ninaloliamini baada ya miaka mingi ya kazi hii: anayetaka kuonyesha kinachomfunga mfugaji na mifugo yake aanze kwa kusikiliza maneno.

Kusikiliza kwenyewe kulihitaji vyombo. Kwa muda mrefu kamera ya sinema iliyoweza kunasa sauti pamoja na picha ilikuwa nzito, yenye kelele, ya kukaa studio. Mtu wa kijijini alipigwa picha bila sauti, kisha msomaji mmoja mwenye sauti nzito akaketi mjini na kutueleza anachofanya. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 zikaja kamera za milimita 16 za kubeba begani, tulivu kiasi cha kutosha, zikiendana na kinasa sauti cha mkanda ambacho mtu mmoja anaweza kukining'iniza begani. Ghafla ikawezekana kumfuata mtu hadi kwenye kivuli cha mti wake na kumsikia akisema anayotaka yeye. Mkanda wa kawaida wa futi 400 uliisha kwa dakika kama 11 tu, basi mpiga picha alilazimika kujua lini asubiri na lini aanze. Vijana ninaofanya nao kazi siku hizi wana kadi za kumbukumbu zinazomeza saa nzima nzima, na mara nyingi wanarudi na picha nyingi na mazungumzo machache.

David na Judith walitoka kwenye mpango wa filamu za kietnografia wa Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, ulioongozwa na Colin Young. Walipofika kwa Wajie walifanya jambo lililokuwa geni wakati ule: waliyaacha mazungumzo ya wenyeji yasikike kwa lugha yao, wakaweka tafsiri kwa maandishi chini ya picha. Leo tunaliona dogo. Lakini fikiri maana yake kwa mtu kama Logoth. Hazungumziwi tena. Akitania, utani ni wake, na akilalamika kwamba serikali haimwelewi, malalamiko yanabaki na uchungu wake. Filamu hiyo, ya dakika 70, nyeusi na nyeupe, ilipata tuzo kuu ya Venezia Genti huko Venice mwaka 1972.

Siwezi kuitaja bila kutaja ile iliyoitangulia na ambayo Watanzania tunaifahamu kwa matokeo yake zaidi ya picha zake. Mwaka 1959 Bernhard Grzimek, daktari wa mifugo na mkurugenzi wa bustani ya wanyama ya Frankfurt, alitoa filamu ya Serengeti Haitakufa, aliyoitengeneza na mwanawe Michael. Walikuwa na ndege ndogo iliyopakwa mistari ya pundamilia, na kwa ndege hiyo waliwahesabu wanyama wa tambarare kutoka angani. Michael alifia humo Januari 1959, ndege ilipoanguka baada ya kugongana na tai, akiwa na miaka 24. Mwaka uliofuata filamu ikapata Oscar. Naheshimu msiba wa baba yule, na picha zake za nyumbu ni za kustaajabisha. Lakini fikra iliyoibeba kazi ile ilikuwa kwamba hifadhi ya kweli ni ile isiyokaliwa na watu, hata wenyeji, na mwaka ule ule wa 1959 Wamasai walikuwa wamekwisha kuondolewa Serengeti na kuhamishiwa upande wa Ngorongoro. Ukipaa juu unaweza kuhesabu wanyama vizuri sana. Kutoka huko juu, hata hivyo, humsikii mchungaji akiita ng'ombe kwa jina, na mtu usiyemsikia ni rahisi kumfuta kwenye picha. Sisemi haya kwa kuwachukia walinzi wa wanyamapori, maana nao nimefanya kazi nao na nawaheshimu. Nasema kwa sababu hadi leo nakutana na watayarishaji wanaoniomba niisafishe sauti ya kengele za ng'ombe kwenye picha ya tembo, ili pori lisikike tupu.

Turudi Karamoja. To Live with Herds ina sehemu tano, na moja inahusu thamani ya ng'ombe. Wajie waliishi kwa kugawana kazi na nchi: maboma ya kudumu yalikuwa karibu na Kotido, ambako wanawake walilima mtama, na makambi ya ng'ombe yalihamahama na vijana kufuata mvua na majani. Mtama ukikosa, mifugo inabeba familia. Mifugo ikipungua, mtama unasaidia. Mwanaanthropolojia P. H. Gulliver alikwisha kuandika juu ya mifugo ya familia za Wajie na Waturkana mwaka 1955, kwa hiyo wasomi walijua. Filamu ilichoongeza ni mzani wenyewe ukiyumba mbele yetu. Ni kiangazi kibaya. Watu wanahitaji unga, na ili wapate fedha ya unga inabidi wauze ng'ombe, wakati ambao ng'ombe wamekonda na kila mtu anauza. Afisa anaweza kusema wafugaji wana mali wasiyotaka kuiuza, wakaidi, washamba. Ukishamsikia Logoth unajua kwamba mtu anayeuza jike la mwisho kwa madebe machache ya mahindi amekula mtaji, na mwaka ujao hatakuwa na maziwa, wala mahari, wala rafiki wa kumwazima dume.

Mwanamume wa Kijie, kama wa Kikaramojong au wa Kiturkana, alikuwa na maksai wake mmoja aliyempenda kuliko wote. Alimtengeneza pembe zikue kwa umbo alilotaka, alimwimbia, na wenzake walimwita yeye mwenyewe kwa jina la kusifu lililotokana na rangi au pembe za maksai huyo. Hapo ndipo wageni wengi hupotea. Wanaona mapenzi ya ajabu, ya kishairi, wanapiga picha ya pembe jioni, wanaondoka. Hawaoni kwamba mtu yule yule anaweza kumtoa ng'ombe mwingine kwa rafiki bila kunung'unika kwa sababu anajenga urafiki utakaomsaidia baadaye, na kwamba mapenzi na hesabu hukaa ndani ya mtu mmoja bila kugombana.

Nyumbani kwetu jambo hilo nililijua kwa masikio kabla sijalijua kwa akili. Bibi yangu alikuwa anakamua mwenyewe. Ng'ombe wetu wa asili, hawa wenye nundu, hawaachii maziwa kwa amri. Lazima ndama alete mdomo kwanza, anyonye kidogo, kisha avutwe na kufungwa karibu na mguu wa mbele, mahali ambapo mama yake anaweza kumnusa na kumlamba. Wataalamu wanaeleza kwamba kuguswa na kunuswa huko hutoa homoni ya oksitosini kwenye ubongo wa ng'ombe, nayo huvifanya vifuko vya maziwa ndani ya kiwele vijiminye, na kwamba hofu huizuia isifanye kazi yake. Bibi hakuwa na haja ya jina la homoni. Alijua mtoto akipiga kelele au mbwa akipita, maziwa yanarudi juu. Basi alivumisha wimbo usio na maneno, wa pua, kwa sauti ya chini sana, na mimi niliyekaa nyuma yake nilisikia maziwa ya kwanza yakigonga chombo kikavu kwa mlio mwembamba mkali, halafu kadiri chombo kilivyojaa mlio ukazama, ukawa mzito, mpaka mwisho yalipokuwa yanaingia kwenye povu na kufanya sauti kama ya kitambaa kinachopasuliwa polepole. Kwa mlio huo tu nilijua kama usiku ule tungekunywa au tungewaachia wadogo.

Na ndama akifa? Wafugaji wengi wa ukanda huu, Wanueri wa Sudan Kusini wakiwamo, humchuna ndama, hujaza nyasi ndani ya ngozi, na kumwekea mama yake mbele ili anuse, alambe, aachie maziwa. Mtu wa mjini akisikia hivyo anaona ni ulaghai. Mimi naona watu wanaomjua mnyama wao kwa undani, wanajua huzuni yake iko wapi na njaa ya watoto wao iko wapi. Mwongozaji Byambasuren Davaa wa Mongolia, pamoja na Luigi Falorni, walitengeneza filamu nzima juu ya ujuzi wa namna hii, iliyotoka mwaka 2003 na kufika kwenye orodha ya kuwania Oscar. Katika jangwa la Gobi ngamia anazaa kwa shida, anamkataa mtoto wake mweupe, na familia inamtafuta mpigaji wa fidla ya nyuzi mbili yenye kichwa cha farasi. Fidla inalia, mwanamke anamshika ngamia na kumwimbia, na mwishowe mtoto ananyonya. Mwaka 2015 UNESCO iliuweka utaratibu huo wa kubembeleza ngamia kwenye orodha ya urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka. Niliitazama filamu hiyo nikimfikiria bibi, na sioni aibu kusema nililia. Hata hivyo ile inamtegemea ngamia awe mhusika mkuu, na bahati iliwapa hadithi yenye mwisho. Mfugaji wa kawaida, siku ya kawaida, hana mwisho. Ana mazungumzo.

Hapo ndipo filamu za Turkana zinanivuta zaidi. Mwaka 1973 na 1974 akina MacDougall walikaa kaskazini magharibi mwa Kenya, kwenye boma la mtu mmoja mwenye nguvu aitwaye Lorang, wakatoka na filamu tatu: Lorang's Way, The Wedding Camels na A Wife Among Wives. Lorang si mzee wa picha za kalenda. Katika ujana alichukuliwa jeshini na wakoloni, akaiona dunia iliyo nje ya Turkana, kisha akarudi na kuanza kujenga mifugo na ukoo, akijua vizuri kuliko jirani zake kwamba maisha yale yanaweza kuvunjika. Anatembea bomani mwake na fimbo akieleza kila kitu kilipo na kwa nini kiko pale. Ni mtu mgumu, anajua kuamrisha, na filamu haimfanyi mtakatifu.

The Wedding Camels ndiyo kubwa kuliko zote kwa maoni yangu. Royal Anthropological Institute ya Uingereza iliipa tuzo yake ya filamu mwaka 1980. Habari yenyewe inasimuliwa kwa maneno machache: binti ya Lorang, Akai, anaolewa na Kongu, rafiki wa Lorang wa rika lake. Kwa kuwa wawili hao ni marafiki, kila mtu anadhani mambo yatakwenda bila shida. Hayaendi. Kwa karibu saa mbili tunawasikiliza watu wakizungumzia ngamia, ng'ombe na mbuzi, wangapi, wa nani, lini, na kwa nini wale walioletwa si wale walioahidiwa.

Kwa mtazamaji wa Ulaya pengine hayo ni mabishano ya bei. Msomaji wa Kiswahili aliyewahi kukaa kwenye kikao cha mahari anajua si bei. Upande wa bibi harusi kuna baba, kuna mama, kuna kaka na wajomba, na kila mmoja anatazamia fungu lake kwa sababu yeye naye alishawahi kutoa. Upande wa bwana harusi kuna ndugu watakaobaki na zizi lililopungua. Sasa weka ngamia katikati. Mimba ya ngamia huchukua kama miezi 13, na jike akizaa atakaa muda mrefu kabla ya kushika mimba nyingine, kwa hiyo kundi hukua polepole sana. Faida yake ni kwamba ngamia hula majani ya miiba ya juu ambayo ng'ombe hafiki, na kiangazi ng'ombe wakikauka yeye bado ana maziwa. Anayekudai ngamia jike mmoja anakudai miaka ya kazi yako na kikombe cha maziwa cha mtoto wako wa mwaka wa njaa. Ndiyo maana rafiki anaweza kumtazama rafiki yake usoni na kukataa. Akina MacDougall hawakutuwekea msomaji wa kutufafanulia nani mkweli. Wametuacha tukisikiliza, tukibadili mawazo, tukirudi tena, na mimi mwenyewe kila nikiitazama nahamia upande mwingine.

David MacDougall ameandika mengi juu ya namna hii ya kazi, na kitabu chake cha Transcultural Cinema cha mwaka 1998 kimekusanya makala zake. Jambo moja alilolitetea nalitumia kila siku: kamera isijipe haki ambazo mgeni hana. Isipae juu ya boma, isipenye ukutani, isirukeruke kutoka uso hadi uso kana kwamba mtu anaweza kuwa mahali pawili. Ikae pale mgeni alipokaribishwa akae. Kama kutoka hapo ng'ombe anaonekana nusu, basi aonekane nusu. Nimewahi kubishana na wapiga picha wa droni juu ya hili hadi tukakosana. Droni ikipita juu ya zizi ng'ombe wanatawanyika, wachungaji wanatazama juu, na mazungumzo yaliyokuwa yanaendelea yanakatika. Unapata picha nzuri ya watu walioacha kuishi kwa dakika tano ili wakutazame.

Kukaa mahali pa mgeni kuna malipo yake. Katika filamu fupi ya akina MacDougall, Under the Men's Tree, wanaume wa Kijie wamekaa chini ya mti kambini, wanatengeneza vitu vya ngozi na vya mbao, wengine wamejilaza, na mazungumzo yanaangukia kwenye magari ya Wazungu. Wanalichambua gari kwa makini, tabia zake na za wenye nalo. Hapo mgeni mwenye kamera ndiye anayechunguzwa. Na katika A Wife Among Wives wanawake wanaulizwa filamu juu ya ndoa itengenezwe vipi, na mmoja wao anaonekana akiwa na kamera ndogo mkononi. Ningependa filamu zile zingewaachia wanawake nafasi kubwa zaidi hata ya hiyo, hasa wakati wa kukamua, maana mapatano ya wanaume juu ya ngamia huonekana sana, ilhali anayejua ngamia yupi ana maziwa machungu na yupi anapiga teke ni mwanamke aliyeshika chombo.

Baada ya kamera kuondoka, Karamoja ilipita mengi. Serikali ya Amin ilipoanguka mwaka 1979, ghala la silaha la kambi ya Moroto lilivunjwa na bunduki zikaingia kwa wafugaji kwa wingi. Mwaka 1980 njaa iliua watu wengi mno. Wizi wa mifugo uliokuwa wa mikuki ukawa wa risasi, na baadaye jeshi likaja kupokonya silaha, na kwa kipindi ng'ombe wa watu wakalazwa karibu na kambi za askari. Turkana nako mwaka 2012 yaligunduliwa mafuta, na kisima cha kwanza kikaitwa Ngamia-1. Kuanzia mwishoni mwa 2020 mvua zikakosa msimu baada ya msimu, misimu mitano mfululizo, na mizoga ikalala kando ya barabara. Filamu za mwaka 1968 na 1974 hazikuweza kuyajua hayo. Lakini mtoto wa Kotido au wa Lodwar akizitazama leo anaweza kusikia namna babu yake alivyobishana, alivyosalimia, alivyowataja ng'ombe wake, na natamani sana ziwe zinaonyeshwa huko, kwenye shule na kumbi za vijiji, si kwenye madarasa ya vyuo vya mbali tu.

Mimi kwa sasa nanasa sauti kwa mjomba wangu, upande wa Simiyu, kwa filamu ambayo kijana mmoja wa kwetu anaiongoza. Jioni moja ng'ombe walipokuwa wanarudi nilimvika mjomba hedifoni, akiwa amelipa zizi mgongo. Kengele zilikuwa bado mbali, kwenye vumbi. Alifumba macho, akaanza kuwataja mmoja mmoja kadiri walivyokaribia, huyu mwenye kengele ya bati, huyu anayebuluza mguu, huyu mtamba asiyetulia, kisha akanyamaza, akaniambia, "Mama, mmoja hayupo." Alikuwa kweli amebaki nyuma korongoni, na kijana akatumwa kumfuata.

Siku iliyofuata alikaa na mwongozaji na kumpa sharti. Hatakubali filamu iishe bila kutajwa jike la mabaka lililotoka zizini kwenda kuwa mahari ya mke mdogo wa mwanawe. Mwongozaji alimweleza kwa adabu kwamba ng'ombe huyo hayumo tena kwenye kundi, na filamu inahusu kundi lililopo. Mjomba akasema ndama wake wako wapi basi, na huyo mkwe anayetupikia hapa ametoka wapi, na nyinyi mnakula ugali wa nani. Walibishana hadi giza. Nilikuwa nimewasha kinasa sauti tangu mwanzo, kwa ruhusa ya wote wawili. Tumekubaliana kwamba baada ya mavuno tutakwenda ukweni, mjomba akitangulia, na huko tutaulizia jike la mabaka limezaa mara ngapi.